Vitabu vya migomo ya wanachuo: uanze na kipi, kipi kisubiri

Vitabu kuhusu wanafunzi wa vyuo vikuu walioingia barabarani ni vingi mno, na ukiuliza watu uanze na kipi utatajiwa majina kumi ndani ya dakika moja, kila mwamba ngoma anavutia kwake, na ukiifuata hiyo listi bila mpango unajikuta umemaliza kurasa mia tatu za nadharia kabla hata hujajua siku ya mgomo wenyewe ilikuwaje, nani aliongea, nani alikimbia, nani hakurudi bwenini. Mi huwa naangalia kitu kimoja kwanza: mwandishi alikuwa amesimama wapi siku ile? Alikuwa ndani ya umati, alikuwa ofisini akiamua polisi waitwe au wasiitwe, au alikuja miaka arobaini baadaye akafungua mafaili? Hao watatu hawaoni kitu kimoja, na hakuna hata mmoja anayetosha peke yake. Ndo maana vitabu hivi ningevisoma viwili viwili, kimoja cha aliyekuwepo na kingine cha aliyechunguza au aliyekuwa upande wa pili, na nimevipanga hivo hapa chini.

Kuhusu lugha, karibu vyote ni vya Kiingereza au vinapatikana kwa tafsiri ya Kiingereza, ila vile vya Dakar ni vya Kifaransa. Nimeegemea Afrika zaidi kwa sababu huku ndo kuna hazina ambayo watu wanairuka wakikimbilia Paris na Berkeley, halafu mwishoni nimeweka vichache vya nje ambavyo kwa kweli vinastahili.

Dar es Salaam: Hirji au Shivji

Mtu ambaye hajawahi kusoma chochote kwenye mada hii ningempa "Cheche: Reminiscences of a Radical Magazine" kilichohaririwa na Karim Hirji na kutoka mwaka 2010. Kinahusu jarida la wanafunzi wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam lililoanza 1969 na kufungiwa 1970, yaani liliishi mwaka mmoja tu. Lilikuwa linatolewa na wanafunzi wa USARF, ile harakati ya kimapinduzi ambayo Yoweri Museveni alikuwa mwenyekiti wake akiwa mwanafunzi pale, wakishirikiana na tawi la chuoni la Umoja wa Vijana wa TANU. Wahariri walikuwa Hirji mwenyewe, Henry Mapolu na Zakia Meghji, ambaye miaka mingi baadaye alikuja kuwa waziri wa fedha wa Tanzania. Walter Rodney, mwanahistoria wa Guyana, aliandika humo, na ule uchambuzi maarufu wa Issa Shivji kuhusu mapambano ya kitabaka ya kimyakimya ulitoka kama toleo maalumu mwaka 1970.

Kinachokifanya kiwe kizuri kwa kuanzia ni kwamba kinashika chini, hakielei juu juu. Unapata siasa kubwa za ukombozi wa Afrika, lakini pia unapata kazi yenyewe ya kutoa jarida bila hela, nani anachapa, nani anazungusha mashine, kopi zinauzwaje, mwanafunzi anayafanyaje yote hayo huku mtihani unamsubiri. Kuna mjadala wa wanawake ndani ya harakati pia, jambo ambalo vitabu vingi vya migomo vinalipitia kwa sentensi moja kama vile mabweni ya wasichana hayakuwepo.

Halafu kuna jambo ambalo lingefaa kuandikwa kwa herufi kubwa. Oktoba 1966 wanafunzi wa Dar waliandamana kupinga masharti ya Jeshi la Kujenga Taifa, walikuwa wanalinda mishahara yao ya baadaye, na Nyerere akawafukuza chuo kwa mamia huku akijipunguzia mshahara wake mwenyewe kwa asilimia 20. Miaka mitatu tu baadaye, kilima kilekile chuo kilipo, kuna wanafunzi wanaoisema serikali kwamba ujamaa wenyewe hautoshi, wanataka uende mbali zaidi. Na hao nao wakabanwa, kwa hoja kwamba nchi ina itikadi yake na haihitaji ya kuazima. Ukisoma kitabu hiki ukiwa na mwaka 1966 kichwani unaacha kabisa ile tabia ya kusema "wanachuo" kana kwamba ni mtu mmoja mwenye msimamo mmoja.

Upungufu wake ni kwamba walioandika walikuwa marafiki, wanapendana, wanakubaliana kwenye mengi, kwa hiyo sauti ya waliofungia jarida huisikii vizuri. Hapo ndo inapofaa kuchukua "Intellectuals at the Hill" cha Shivji, cha 1993, ambacho ni mkusanyiko wa insha na hotuba zake za kuanzia 1969 hadi 1993. Tofauti yake ni kubwa: Hirji na wenzake wanakumbuka, Shivji anaandika jambo likiwa bado la moto. Hajui kesho itakuwaje. Unamwona mtu mmoja akianza kama mwanafunzi mwenye hasira na kuishia profesa wa sheria ambaye bado ana hasira lakini anazielekeza pengine, kwenye uhuru wa wanataaluma, kwenye demokrasia. Ila Shivji anachukulia kwamba ugomvi unaujua tayari, hakuelezei nani ni nani, kwa hiyo ukianza naye utachoka. Cheche kwanza, Shivji baadaye, na usiviachanishe kwa miezi sita maana utasahau majina.

Ethiopia: Hiwot Teffera na Bahru Zewde

Hapa ndo nitakaa sana, maana sidhani kama kuna mahali pengine Afrika ambapo wanafunzi walibadilisha nchi kwa kiwango kile na kulipa gharama ile.

Kwa kifupi, Februari 1965 wanafunzi wa Addis Ababa waliandamana wakidai ardhi iende kwa mkulima anayeilima. Novemba 1969 mwanafunzi Walleligne Mekonnen akachapisha makala kuhusu suala la mataifa ndani ya Ethiopia, hoja ambayo mpaka leo inagawa watu nchini humo. Mwezi uliofuata, Desemba 28, rais wa umoja wa wanafunzi Tilahun Gizaw akapigwa risasi, na wenzake walipokusanyika na mwili wake askari wakaingia chuoni na kuua wengine. Mwaka 1974 mfalme akaanguka, lakini madaraka yakachukuliwa na wanajeshi wa Derg, na wale waliokuwa wanafunzi wakagawanyika kwenye vyama viwili vikubwa, EPRP na MEISON, wakapigana wenyewe kwa wenyewe huku Derg ikiwamaliza wote kwenye ule Ugaidi Mwekundu wa 1977 na 1978.

"The Quest for Socialist Utopia" cha Bahru Zewde, 2014, ndo kitabu cha historia cha kutegemea kwa kipindi cha kuanzia 1960 hivi mpaka 1974. Zewde ni mwanahistoria mkubwa, na alisoma chuo hichohicho miaka ileile, kwa hiyo sio mgeni aliyekuja na daftari. Anachokifanya vizuri kuliko wengine ni kusoma yale waliyoyaandika wanafunzi wenyewe, majarida ya ndani na yale ya Waethiopia waliokuwa Marekani na Ulaya, maazimio ya mikutano, vijikaratasi, na kukuonyesha hatua kwa hatua jinsi harakati iliyoanza na mashairi ya siku ya chuo na malalamiko ya chakula na malazi ya wanafunzi, ikapitia fujo za onyesho la mitindo ya mavazi mwaka 1968, ilivyofika mahali ambapo kila hoja lazima ivae nguo za Marx na Lenin la sivyo haisikilizwi. Hawatukani, na pia hawasifii. Anawauliza kwa uchungu: mlipoteaje?

"Tower in the Sky" cha Hiwot Teffera, 2012, ni kitu kingine kabisa. Ni kumbukumbu za msichana aliyefika chuo miaka ya sabini mwanzoni, akaingizwa kwenye kikundi cha kujisomea, akampenda Getachew Maru aliyekuwa miongoni mwa viongozi wa EPRP, akaingia kwenye harakati za chini kwa chini, na baadaye akafungwa na Derg. Na Getachew hakuuawa na Derg, aliuawa na chama chake mwenyewe. Sidhani kama nakuharibia kitabu kwa kulisema hilo, kwa sababu nguvu yake haiko kwenye kushtukiza. Nguvu yake iko kwenye namna anavyokuonyesha mtu mwenye akili timamu anavyojifunza kutouliza, leo hili dogo, kesho lile, kwa sababu nidhamu ya chama inataka hivo na kwa sababu kuuliza kunaonekana ni usaliti.

Kwa hiyo unapolinganisha, Zewde anakuambia walichokiandika na Teffera anakuambia ilikuwaje kukiamini. Zewde anaishia 1974, pale ambapo mambo ya Teffera ndo yanachacha. Zewde ana majina mengi na vifupisho vingi vya vyama mpaka unahitaji karatasi pembeni, Teffera unaweza kumsoma kitandani ukashtukia kumekucha. Mi ningesema anza na Teffera hata kama kihistoria unaanza katikati, kwa sababu ukishamjua mtu mmoja aliyelipia, kila azimio la mkutano ndani ya Zewde linakuwa na uzito, sio maneno ya karatasini tena. Ukianza na Zewde bila hiyo, kuna hatari ukaona ni mabishano ya vijana waliosoma vitabu vingi.

Na kama unafanya utafiti wa shahada basi ongeza "Documenting the Ethiopian Student Movement", 2010, ambacho Zewde huyohuyo amekihariri kutokana na mazungumzo ya wanaharakati wa zamani waliokutanishwa wakae wakumbushane. Wanasahihishana, wanabishana, wengine walikuwa vyama vilivyouana. Kuna pia "Ethiopia in Theory" cha Elleni Centime Zeleke, 2019, kinachojadili zile nadharia za majarida ya wanafunzi zilivyoendelea kuitawala siasa ya nchi hata baada ya wenyewe kuondoka. Kizuri, lakini kigumu, kimekaa kitaaluma sana, kiwe cha mwisho.

Afrika Kusini: mwanafunzi na mkuu wa chuo

Kwa mtu anayetaka mambo ya karibuni, hapa ndo penyewe. Machi 2015 mwanafunzi alimwagia kinyesi sanamu ya Cecil Rhodes, yule mkoloni wa Kiingereza, pale Chuo Kikuu cha Cape Town na mwezi mmoja baadaye, Aprili 9, sanamu ikang'olewa. Oktoba mwaka huohuo wanafunzi wa Wits, chuo kikuu cha Johannesburg, wakagoma baada ya kutangaziwa nyongeza ya ada ya asilimia 10.5, moto ukasambaa vyuo karibu vyote, na Oktoba 23 Rais Zuma akatangaza kwamba ada haitapanda hata senti kwa mwaka 2016. Na madai hayakuwa ya ada tu, walitaka pia wafagizi na walinzi walioajiriwa kupitia makampuni warudishwe kuwa waajiriwa wa chuo.

Uzuri wa kipekee ni kwamba pande zote mbili zimeandika. Adam Habib alikuwa mkuu wa Wits kipindi chote hicho na ameandika "Rebels and Rage", 2019. Rekgotsofetse Chikane alikuwa mwanaharakati Cape Town, alikamatwa kwenye maandamano ya bungeni Oktoba 2015, na ameandika "Breaking a Rainbow, Building a Nation", 2018. Ni nadra mno kupata hivi, kwa kawaida mkuu wa chuo anaandika barua kwa wazazi basi, hataki tena kulikumbuka.

Habib anaandika vizuri, anaeleweka, na anaeleza vitu ambavyo mwanafunzi hawezi kuvijua: bajeti ya chuo inabanwa wapi, baraza linasemaje, serikali inapiga simu saa ngapi. Oktoba 2015 alikaa chini sakafuni na wanafunzi usiku kucha, na mwaka 2016 ni yeye aliyeruhusu polisi na walinzi binafsi kuingia kampasi, na kitabu chote kimsingi ni maelezo ya mtu yuleyule alivyofika kutoka pale mpaka hapa. Anajitetea, na hafichi kwamba anajitetea. Wanafunzi wengi na baadhi ya wahadhiri walikasirishwa na picha aliyowachora, na ukisoma kwa makini utaona sehemu ambazo mwanafunzi anatokea kama tatizo la kusimamiwa zaidi kuliko mtu mwenye hoja.

Chikane yeye anachimba ndani. Anawauliza wanafunzi weusi wa tabaka la kati, akijihesabu yeye mwenyewe, waliosoma shule nzuri na kuahidiwa taifa la upinde wa mvua, yaani la watu wa rangi zote pamoja, kwanini wao ndo walioamka kuuvunja huo upinde, na je wanaongoza kwa niaba ya nani. Ana mambo ya migawanyiko ya ndani, ya vyama kutaka kuiteka harakati. Kwa mpangilio wa matukio hakishikiki kirahisi kama cha Habib, kinaruka ruka, lakini kwa kufikirisha kinamzidi.

Chikane kwanza, halafu Habib hapohapo wiki inayofuata. Usisome Habib peke yake, tafadhali, hata kama ndo kilichopo kwenye rafu, kwa sababu ana ufundi wa kukushawishi na utabaki na upande mmoja bila kujua. Kama unaweza kusoma kimoja tu na unataka mizani, chukua "Fees Must Fall" kilichohaririwa na Susan Booysen, 2016, chenye sura za wanafunzi na za wasomi pamoja. Kasoro yake ni kwamba kilitoka moto ukiwa bado unawaka, kwa hiyo hakina yale ya Desemba 2017 pale Zuma alipotangaza elimu ya juu bure kwa wanaotoka familia maskini. Jonathan Jansen naye ana "As by Fire", 2017, kilichojengwa juu ya mahojiano na wakuu wa vyuo, kinafaa zaidi kwa mtu anayefanya kazi ya utawala wa chuo kuliko kwa mwanafunzi.

Halafu kuna Steve Biko. "I Write What I Like" kilitoka 1978, mwaka mmoja baada ya kuuawa akiwa mikononi mwa polisi, na watu wanakisoma kama kitabu cha shujaa wa taifa wakasahau kwamba sehemu kubwa ya maandishi yale yaliandikwa na mwanafunzi kwa ajili ya wanafunzi, kwenye jarida la SASO, umoja wa wanafunzi weusi aliokuwa rais wake wa kwanza mwaka 1969. Kisome hivo, kama safu ya jarida la chuo, utaona jinsi kilivyo na ucheshi na ujasiri. Cha kukisindikiza ni "Limpopo's Legacy" cha Anne Heffernan, 2019, kinachokipeleka chuo cha Turfloop mbele, mahali ambapo SASO ilizinduliwa na ambapo Onkgopotse Tiro alitoa ile hotuba ya mahafali ya 1972 iliyomfukuzisha chuo, na miaka miwili baadaye akauawa kwa kifurushi cha bomu akiwa uhamishoni Botswana. Biko anakupa wazo, Heffernan anakupa mahali ambapo wazo lilipata miguu.

Dakar na Kinshasa

Hivi vinahitaji msomaji mwenye subira kidogo. Kuhusu Dakar, pale ambapo Mei 1968 wanafunzi waligomea kukatwa kwa posho, polisi wakavamia chuo Mei 29 na vyama vya wafanyakazi vikaingia kwenye mgomo mkuu, una Abdoulaye Bathily na "Mai 1968 à Dakar", 1992, na una Omar Gueye na "Mai 1968 au Sénégal", 2017. Bathily alikuwemo, baadaye akawa mwanahistoria na waziri, na anakataa katakata ile dhana kwamba Dakar walikuwa wanaiga Paris. Gueye amekuja na nyaraka na umbali wa nusu karne, na wafanyakazi anawapa nafasi kubwa. Kama Kifaransa kinakupanda vizuri soma Bathily, kina joto zaidi. Kama unataka kunukuu kwenye kazi ya chuo basi Gueye.

Kuhusu Kongo chukua "Students of the World" cha Pedro Monaville, 2022. Juni 4, 1969 wanajeshi wa Mobutu waliwapiga risasi wanafunzi wa chuo kikuu cha Lovanium waliokuwa wanaandamana Kinshasa, na mwaka 1971 wanafunzi wa chuo hichohicho walipotaka kuwakumbuka wenzao, chuo kikafungwa na wao wakaingizwa jeshini kwa nguvu. Monaville anafuatilia hata barua na stempu, jinsi vijana wa Kongo walivyoandikiana na dunia nzima kabla ya uhuru na baada yake. Kinakwenda taratibu lakini nyaraka zake ni za thamani, na waliohojiwa wanaongea kama watu, sio kama ushahidi wa kesi.

Watu wengi wanashauri kuanza na "Revolt and Protest" cha Leo Zeilig, 2007, kwa sababu kinajaribu kutazama Afrika kusini mwa Sahara kwa ujumla. Nadhani ni makosa kukianza. Mifano yake mikuu ni Zimbabwe na Senegali, na hoja yake kuhusu jinsi sera za kubana matumizi zilivyombadilisha mwanafunzi kutoka mteule wa taifa mpaka maskini kama wengine ni hoja nzito sana, ila utaionja vizuri ukiwa tayari na nchi mbili tatu kichwani.

Vya nje ya Afrika

Berkeley, chuo kikuu cha California, kuna jozi nzuri. "Freedom's Orator" cha Robert Cohen, 2009, ni maisha ya Mario Savio, kijana mwenye kigugumizi ambaye Desemba 2, 1964 alihutubia kwenye ngazi za Sproul Hall kabla ya wanafunzi kuingia kukalia jengo na karibu 800 kukamatwa. "Subversives" cha Seth Rosenfeld, 2012, kinasimulia kipindi hichohicho kwa jicho la FBI, maana mwandishi alipambana mahakamani kwa miaka na miaka mpaka akapewa mafaili yao. Hapa Rosenfeld ndo wa kuanza naye. Kinasomeka kama hadithi ya upelelezi, na kinakufundisha kitu ambacho vitabu vya wanafunzi wenyewe haviwezi: kwamba wakati wao wanabishana nani ashike kipaza sauti, kuna mtu ofisini tayari ana faili la kila mmoja wao, na baadhi ya yaliyomo ni uongo.

Kama hupendi kabisa historia na unataka riwaya, "Human Acts" cha Han Kang, mshindi wa Nobel wa 2024, kinahusu Gwangju, Korea Kusini, Mei 1980, pale ambapo maandamano yaliyoanza kwenye lango la chuo yaliishia jiji zima kupigwa na jeshi. Kila sura ni mtu mwingine, na nyingi ni za mwaka mwingine. Hakina maelezo ya kisiasa hata kidogo, na kinaumiza, kwa hiyo kisiwe cha kusomea kwenye basi.

Na kwa yeyote mwenye mpango wa kuandika yaliyotokea kwenye chuo chake mwenyewe, achana na vyote nilivyotaja na uchukue "La noche de Tlatelolco" cha Elena Poniatowska, 1971, kilichotafsiriwa Kiingereza kwa jina la "Massacre in Mexico". Oktoba 2, 1968, siku kumi kabla Olimpiki haijafunguliwa, wanajeshi waliwapiga risasi wanafunzi na watu wengine uwanjani Tlatelolco jijini Mexico, na idadi ya waliokufa bado inabishaniwa. Poniatowska hakuandika simulizi lake. Alikusanya sauti, viongozi wa wanafunzi waliokuwa gerezani, wazazi, wapita njia, hata wasiowapenda wanafunzi, akaziweka moja baada ya nyingine bila kukuambia uamini ipi. Alipopewa tuzo akaikataa, akauliza nani atawapa tuzo waliokufa. Kama unataka kujifunza kazi hiyo, kisome mara ya pili ukiandika pembeni kila anayeongea ni nani na alikuwa umbali gani na risasi, halafu nenda kawatafute wa kwako wangali hai, na usianze na waliokuwa viongozi, anza na wafagizi wa bweni, wapishi na walinzi wa getini, kwa sababu hao waliona na hakuna aliyewahi kuwauliza.